Yakima Canutt

Enos Edward Canutt (anayejulikana zaidi kwa jina la Yakima Canutt, 29 Novemba 1895 – 24 Mei 1986) alikuwa bingwa wa rodeo, mwigizaji wa filamu, mwigizaji wa matukio ya hatari na mwongozaji wa kikosi cha pili kutoka nchini Marekani. Kazi yake katika filamu ilidumu zaidi ya miaka 50, kuanzia enzi za filamu zisizo na sauti hadi miaka ya 1970.

Watazamaji wengi wameziona kazi zake bila kulijua jina lake. Ndiye aliyeburutwa chini ya gari la farasi katika Stagecoach (1939), na ndiye aliyeandaa mashindano ya magari ya farasi katika Ben-Hur (1959). Anakumbukwa hasa kwa sababu alibuni vifaa na mbinu zilizowawezesha waigizaji kuanguka, kupigana na kuruka kutoka kwenye farasi bila kupoteza maisha. Kwa kazi hiyo alipewa tuzo ya heshima ya Oscar mwaka 1967.

Maisha ya awali

Canutt alizaliwa katika vilima vya mto Snake karibu na mji mdogo wa Colfax, jimbo la Washington, kaskazini magharibi mwa Marekani. Familia yake ilikuwa na ranchi ya mifugo, na baba yake aliwahi pia kuwa mbunge wa jimbo hilo. Alikuwa mmoja kati ya watoto watano. Masomo yake yaliishia shule ya msingi. Elimu iliyomfaa maishani aliipata ranchini, ambako alijifunza kupanda farasi, kutumia kamba na kuwafuga farasi wakaidi. Inasimuliwa kwamba alikuwa na miaka 11 tu alipomtuliza kwa mara ya kwanza farasi ambaye hajawahi kupandwa.

Rodeo

Rodeo ni mashindano ya wachunga ng'ombe wa Amerika. Washindani hupanda farasi au mafahali wanaorukaruka, hukamata ndama kwa kamba, au huruka kutoka kwenye farasi na kumwangusha fahali kwa kumshika pembe. Canutt alianza kushindana mwaka 1912 kwenye maonyesho ya wilaya yake akiwa na umri wa miaka 16.

Mwaka 1914 alishiriki katika mashindano makubwa ya Pendleton, jimbo la Oregon. Huko ndiko alikopata jina la Yakima, kutokana na kosa la gazeti lililomtaja kana kwamba ametoka mji wa Yakima. Hakuwa mwenyeji wa mji huo, lakini jina lilimganda, na marafiki wakalifupisha kuwa Yak.

Mwaka 1917 alimwoa Kitty Wilks, ambaye naye alikuwa bingwa wa rodeo, lakini ndoa hiyo ilivunjika baada ya miaka michache. Mwaka 1918, wakati wa Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia, alijiunga na jeshi la majini la Marekani. Alipokuwa jeshini aliugua homa ya mafua iliyomharibu sauti. Hakujua wakati ule kwamba ugonjwa huo ungekuja kubadili njia ya maisha yake.

Baada ya vita alirudi kwenye rodeo na kuwa mmoja wa washindani bora nchini. Huko Pendleton alishinda ubingwa wa jumla mara kadhaa kati ya mwaka 1917 na 1923.

Filamu zisizo na sauti

Mwaka 1919 Canutt alifika Los Angeles na kufahamiana na Tom Mix, nyota wa filamu za kauboi wa siku zile, aliyemfungulia mlango wa studio. Mwanzoni alipewa nafasi ndogondogo. Kuanzia mwaka 1924 alikuwa mwigizaji mkuu wa filamu fupi za gharama ndogo, ambamo aliwaonyesha watazamaji ustadi wake wa kupanda farasi. Filamu yake iliyosifiwa zaidi ya kipindi hicho ni The Devil Horse (1926), aliyoigiza pamoja na Rex, farasi dume mweusi aliyekuwa maarufu kwa ukali wake.

Filamu zenye sauti zilienea mwishoni mwa miaka ya 1920. Sauti ya Canutt, iliyokuwa imeharibiwa na ugonjwa, ilikuwa nzito na haikusikika vizuri kwenye vinasa sauti vya wakati ule. Mtu mwenye sauti kama hiyo asingeweza tena kuwa nyota. Wenzake wengi wa enzi ya kimya waliacha kazi kabisa. Canutt hakuondoka. Alichukua kazi mbili ambazo hazikuhitaji sauti nzuri: kuigiza wabaya wenye maneno machache, na kufanya matukio ya hatari kwa niaba ya nyota.

Mwigizaji wa wabaya

Katika miaka ya 1930 Canutt alifanya kazi katika studio ndogo za Mascot na Monogram, kisha Republic iliyoundwa mwaka 1935. Studio hizo zilitoa filamu za kauboi na filamu za mfululizo kwa haraka na kwa fedha kidogo. Mara nyingi katika filamu moja Canutt alikuwa mkuu wa majambazi, na papo hapo akavaa nguo za mwigizaji mkuu ili afanye matukio ya hatari badala yake. Hivyo ilitokea kwamba tabia aliyoigiza ikawa inamfukuza mtu ambaye pia ni yeye mwenyewe.

Aliigiza pia Wahindi Wekundu, yaani wenyeji wa asili wa Amerika, ingawa asili yake ilikuwa Ulaya. Katika The Star Packer (1934) alikuwa msaidizi wa John Wayne mwenye jina la Yak. Wakati ule ilikuwa kawaida ya Hollywood kuwapaka Wazungu rangi na kuwapa nafasi za wenyeji hao. Leo desturi hiyo inalaumiwa, kwa kuwa iliwanyima wenyeji kazi na kueneza picha isiyo ya kweli kuwahusu.

Canutt na John Wayne walikutana mwaka 1932 katika filamu ya mfululizo ya Shadow of the Eagle na wakawa marafiki wa kudumu. Wayne alikuwa bado kijana asiyejulikana sana. Alikiri baadaye kwamba mengi katika namna yake ya kutembea, kukaa juu ya farasi na kuzungumza polepole aliyachukua kwa Canutt. Kwa hiyo nyota aliyekuja kuwa mfano wa kauboi duniani kote aliiga kwa sehemu mtu aliyekuwa akipigwa na kuangushwa naye kwenye filamu.

Ngumi zisizogusa

Kabla ya wakati huo, waigizaji waliopigana kwenye filamu walipigana mabegani na mikononi. Pigano lilionekana la uongo, na bado watu waliumia. Canutt na Wayne walisaidia kuendeleza mbinu nyingine. Kamera huwekwa nyuma ya bega la mmoja wa wapiganaji. Ngumi hupita mbele ya uso wa mwenzake bila kuugusa, na anayepigwa hurusha kichwa kwa wakati uleule. Kwa kuwa picha ya filamu haina kina, mtazamaji hawezi kuona nafasi iliyopo kati ya ngumi na shavu. Sauti ya pigo huongezwa baadaye. Mbinu hii inatumika hadi leo katika filamu za nchi zote.

Stagecoach na Gone with the Wind

Mwaka 1939 Canutt alifanya kazi katika filamu mbili ambazo bado zinatazamwa. Katika Stagecoach, iliyoongozwa na John Ford, gari la abiria linalokokotwa na farasi sita linashambuliwa na wapiganaji Waapache kwenye uwanda mkavu. Canutt, akiwa mmoja wa washambuliaji, anaruka kutoka kwenye farasi wake hadi kwenye farasi wa mbele wa gari. Anapigwa risasi na kuanguka katikati ya farasi, anaburutwa huku ameshika mti wa gari, kisha anaachia. Farasi na gari vinapita juu yake. Baada ya hapo anaonekana akijiinua kidogo, na mtazamaji anatambua kwamba hakuwa sanamu.

Tukio hilo halikuwa la kubahatisha. Canutt alikuwa amelifanya kabla katika filamu ndogo. Alihakikisha kuna nafasi ya kutosha kati ya safu mbili za farasi na chini ya gari, na alitaka farasi wakimbie kwa kasi, kwani farasi wanaokimbia kwa kasi hufuata mstari ulionyooka. Yeye mwenyewe alitakiwa kunyoosha mwili na kubana miguu. Katika filamu hiyohiyo alivaa pia nguo za Wayne na kuruka kutoka farasi mmoja hadi mwingine ili kuzikamata hatamu.

Katika Gone with the Wind aliendesha gari la farasi mbele ya moto mkubwa wa mji wa Atlanta badala ya Clark Gable. Aliigiza pia mhuni anayemvamia Scarlett O'Hara darajani, mojawapo ya nafasi zake chache zinazokumbukwa na watu wasio wapenzi wa filamu za kauboi.

Usalama wa watu na farasi

Katika miaka hiyo waigizaji wa matukio ya hatari walilipwa kwa kila tukio, na aliyeumia alipoteza riziki. Wengi waliamini kwamba kazi hiyo ni ya ujasiri tu. Canutt aliichukulia kama kazi ya fundi: kupima, kujaribu, kutengeneza kifaa, kisha kurudia.

Moja ya vifaa vyake ni kikuku cha tandiko kilicho wazi upande mmoja, chenye umbo la herufi L. Hatari kubwa ya kuanguka kutoka kwenye farasi si kugonga ardhi bali ni mguu kunasa katika kikuku, mtu akaburutwa. Kikuku kilicho wazi huuachia mguu mara moja. Alitengeneza pia mikanda iliyowezesha farasi kujitenga na gari kabla halijapinduka, pamoja na nyaya za kumvuta mpanda farasi aanguke mahali na wakati uliopangwa.

Usalama wa farasi ni sehemu ya historia yake yenye utata. Kwa miaka mingi farasi waliangushwa kwa waya uliofungwa kwenye miguu ya mbele. Farasi alipofika mwisho wa waya akiwa anakimbia, miguu ilivutwa naye akapinduka. Wanyama wengi waliumia au kufa kwa njia hiyo. Canutt aliitumia mara nyingi, na alidai kwamba kwa maandalizi yake hakuna farasi aliyelemaa. Lakini si wote walioitumia walikuwa na uangalifu huo. Baada ya malalamiko ya umma kuhusu filamu ya Jesse James (1939), ambamo farasi alirushwa kutoka kwenye jabali, studio za Hollywood zilikubali usimamizi wa chama cha kutetea wanyama, na waya huo ukapigwa marufuku. Tangu hapo farasi walianza kufundishwa kuanguka wenyewe kwenye ardhi iliyolainishwa.

Canutt mwenyewe hakuepuka majeraha. Mwaka 1940, alipokuwa badala ya Clark Gable katika Boom Town, farasi alimwangukia akaumia vibaya tumboni, na upasuaji ndio uliomwokoa. Mwaka 1943, katika filamu ya Idaho, alianguka kutoka kwenye gari na kuvunjika miguu yote miwili kwenye vifundo. Alikuwa na umri wa miaka 47, na ilikuwa wazi kwamba mwili wake usingeweza kuendelea hivyo.

Mwongozaji wa kikosi cha pili

Kwa mara ya pili Canutt alibadili kazi. Filamu kubwa hugawanywa kwa vikosi. Kikosi cha kwanza, chini ya mwongozaji mkuu, hupiga picha za nyota wakizungumza. Kikosi cha pili hupiga picha za vita, mbio, ajali na wanyama. Canutt alianza kuongoza vikosi vya pili katika studio ya Republic, ambako aliongoza pia filamu kamili kadhaa, zikiwemo Oklahoma Badlands na Carson City Raiders, zote za mwaka 1948.

Mwanzoni mwa miaka ya 1950 studio ya MGM ilimpeleka Uingereza kupanga mapigano ya filamu ya Ivanhoe (1952). Huko aliwafundisha Waingereza mbinu za kuanguka na kupigana juu ya farasi. Kuanzia hapo alifanya kazi katika nchi nyingi, kama vile Italia, Hispania, Austria, Misri na kisiwa cha Tobago.

Mogambo na Afrika ya Mashariki

Canutt alikuwa mmoja wa waongozaji wa kikosi cha pili wa Mogambo (1953), filamu ya John Ford iliyoigizwa na Clark Gable, Ava Gardner na Grace Kelly. Sehemu za nje zilipigwa Kenya, Tanganyika na Uganda kuanzia mwishoni mwa mwaka 1952, wiki chache baada ya serikali ya kikoloni kutangaza hali ya hatari nchini Kenya kutokana na vita vya Mau Mau. Sehemu za ndani zilipigwa Uingereza.

Jina la filamu hiyo linasikika kama Kiswahili, lakini si neno linalotumiwa na Waswahili. Hadithi yenyewe inahusu mapenzi ya Wazungu watatu katika safari ya kukamata wanyama, na Waafrika wanaonekana kwa sehemu kubwa kama wapagazi na wapiga ngoma. Hata hivyo picha zake ni kumbukumbu ya mandhari ya Afrika ya Mashariki kabla ya uhuru.

Miaka zaidi ya 10 baadaye Canutt aliandaa pia mapigano ya Khartoum (1966), filamu kuhusu vita vya Mahdi nchini Sudan. Ilipigwa Misri.

Ben-Hur

Kazi yake kubwa kuliko zote ni mashindano ya magari ya farasi katika Ben-Hur, filamu ya William Wyler. Canutt na Andrew Marton ndio walioongoza sehemu hiyo. Uwanja ulijengwa katika studio za Cinecittà mjini Roma, na farasi wapatao 78 walinunuliwa, wengi wao kutoka Yugoslavia. Magari tisa, kila moja likivutwa na farasi wanne, yalipaswa kuzunguka pamoja kwa kasi.

Kulikuwa na sababu ya kuhofu. Hadithi hiyohiyo ilipofanywa filamu kwa mara ya kwanza kwa urefu kamili mwaka 1925, farasi wengi walikufa, na inasimuliwa kwamba mwendeshaji mmoja aliuawa. Canutt, aliyekuwa na umri wa miaka 62, alitumia miezi kuwafundisha waendeshaji, wakiwemo waigizaji wakuu Charlton Heston na Stephen Boyd. Kwa matukio ya watu kukanyagwa walitumia sanamu zenye viungo vinavyojikunja.

Mmoja wa waendeshaji alikuwa Joe Canutt, mwanawe. Gari alilokuwa akiliendesha badala ya Heston liliporuka juu ya mabaki ya gari jingine, Joe alirushwa mbele. Alishikilia ukingo wa gari na kuokoka na jeraha dogo kidevuni, wakati baba yake akiwa ndiye msimamizi wa tukio. Picha haikutupwa. Walimpiga picha Heston akipanda tena garini, na vipande hivyo viwili vikaunganishwa.

Mashindano hayo huchukua takriban dakika 9 kwenye filamu. Uvumi kwamba mtu alikufa wakati wa upigaji picha umerudiwa mara nyingi, lakini si kweli. Ben-Hur ilipata tuzo 11 za Oscar. Hapakuwa na tuzo ya Oscar kwa waongozaji wa kikosi cha pili, ila baraza la wahakiki la National Board of Review liliwatambua rasmi Marton na Canutt.

Miaka ya mwisho na tuzo

Baada ya Ben-Hur, Canutt aliandaa matukio ya El Cid (1961), The Fall of the Roman Empire (1964) na Where Eagles Dare (1968), yenye pigano maarufu juu ya gari linaloning'inia kwenye waya mlimani. Aliendelea na kazi hadi alipokaribia miaka 80.

Tarehe 10 Aprili 1967 alipokea tuzo ya heshima ya Oscar kwa mafanikio yake katika matukio ya hatari na kwa vifaa vyake vya kuwalinda wenzake. Aliyemkabidhi ni Charlton Heston. Mwaka 1979 alichapisha kitabu cha maisha yake, Stunt Man, alichoandika pamoja na Oliver Drake. Amewekewa pia nyota kwenye njia ya watu mashuhuri ya Hollywood.

Mwaka 1931 alikuwa amemwoa Minnie Audrea Yeager, wakapata watoto watatu. Wana wao wawili, Tap na Joe, walifuata kazi ya baba yao. Canutt alifariki tarehe 24 Mei 1986 huko North Hollywood, Los Angeles, akiwa na umri wa miaka 90.

Urithi

Tukio la Stagecoach limeigwa mara nyingi. Mfano unaojulikana zaidi ni Raiders of the Lost Ark (1981), ambapo Indiana Jones anapita chini ya lori linalokwenda. Tukio hilo lilifanywa na Terry Leonard badala ya Harrison Ford.

Mchango wake mkubwa zaidi hauonekani kwenye picha. Kabla yake, anayefanya tukio la hatari alitegemea ujasiri na bahati. Baada yake ikawa kawaida kuuliza kwanza tukio litafanywaje ili mtu huyo aweze kurudi kazini kesho yake.

Baadhi ya filamu zake

1926 – The Devil Horse: mwigizaji mkuu
1932 – Shadow of the Eagle: mwigizaji na matukio ya hatari
1934 – The Star Packer: mwigizaji na matukio ya hatari
1939 – Stagecoach: matukio ya hatari
1939 – Gone with the Wind: mwigizaji na matukio ya hatari
1948 – Oklahoma Badlands: mwongozaji
1952 – Ivanhoe: mwongozaji wa kikosi cha pili
1953 – Mogambo: mwongozaji wa kikosi cha pili
1959 – Ben-Hur: mwongozaji wa kikosi cha pili
1961 – El Cid: mwongozaji wa kikosi cha pili
1966 – Khartoum: mwongozaji wa kikosi cha pili
1968 – Where Eagles Dare: mwongozaji wa kikosi cha pili
1970 – Rio Lobo: mwongozaji wa kikosi cha pili